Jina lako limeshushwa kwenye tange: jinsi ya kujua chombo na jopo linalopaswa kusikiliza mgogoro wa ukuu kazini

Halmashauri inapoandaa ikama, yaani idadi ya watumishi inaowahitaji, na bajeti ya mishahara huandaa pia tange, yaani orodha ya watumishi wa kada moja iliyopangwa kwa kufuata ukuu wao kazini. Mtu wa nje ataona jedwali la majina na tarehe tu. Mtumishi aliyeripoti Sengerema mwaka 2012, akajikuta leo anasomwa chini ya mwenzake aliyeripoti mwaka 2015, analiona kwa jicho jingine, kwa sababu nafasi kwenye tange inagusa cheo, cheo kinagusa mshahara, na mshahara ndio utakaokuja kukokotolewa siku ya kustaafu.

Mwongozo huu ni wa mtumishi wa umma wa Mwanza na wilaya zinazolizunguka Ziwa Viktoria upande wa Tanzania Bara, ambaye anataka kupinga nafasi yake kwenye tange au tarehe ya cheo chake, na hajui shauri aanzie wapi na likifika mahakamani lisikilizwe na nani. Nauandika kwa uchungu, kwa sababu nimeona majalada yenye hoja nzuri yakifia mlangoni. Mtu anahudhuria vikao kwa miaka miwili au mitatu, anatoka Nansio, kisiwani Ukerewe, kwa meli na kulala mjini kwa ndugu, anashinda ngazi ya chini, kisha upande wa pili unaibua hoja moja tu kwamba chombo kilichosikiliza hakikuwa na mamlaka. Shauri linafutwa, na tange iliyomleta haijajadiliwa hata kwa dakika moja. Hoja ya mamlaka ina sifa hiyo mbaya: inaweza kuibuliwa hatua yoyote, hata kwenye rufaa, na makubaliano ya wadaawa, yaani pande za shauri, hayawezi kukipa chombo mamlaka ambayo sheria haikukipa.

Kwa hiyo usianze kwa kuuliza uende mahakama gani. Anza kwa kuuliza uamuzi unaoupinga ni upi, umetolewa na nani, na kwa madaraka ya sheria ipi. Ukiyajibu hayo matatu kwa maandishi, kwa usahihi, jina la mahakama karibu litajitaja lenyewe.

Hatua ya kwanza: isome tange safu kwa safu

Omba nakala ya tange kwa Afisa Utumishi, au Afisa Rasilimali Watu kama wengi wanavyoitwa sasa, kwa barua na si kwa mdomo. Ukiipata, usikimbilie namba yako ya mfululizo. Soma safu za tarehe: tarehe ya ajira ya kwanza, tarehe ya kuthibitishwa kazini, tarehe ya kupandishwa cheo cha sasa, na tarehe ya kuzaliwa. Kisha weka kando ya kila tarehe barua inayoithibitisha.

Chukua mfano wa maofisa uvuvi wasaidizi wawili katika halmashauri moja ya visiwani. Wa kwanza ameajiriwa Septemba 2012, na barua yake ya kupanda cheo inasema kuanzia tarehe 1 Aprili 2016. Wa pili ameajiriwa mwaka 2013 katika halmashauri nyingine, akahamia, na amepanda cheo hicho hicho mwaka 2018. Kwenye tange wa pili yuko juu. Ukitazama kwa karibu, unaona kwamba tarehe ya wa kwanza haikuandikwa 2016 bali 2019. Kwa nini? Mwaka 2016 serikali ilisitisha upandishaji wa vyeo ili kupisha uhakiki wa watumishi hewa na vyeti, na barua za wengi zilizokuwa zimeshatolewa hazikutekelezwa. Mtumishi alipopandishwa tena baadaye, mfumo ulibeba tarehe mpya.

Sehemu kubwa ya migogoro ya ukuu ninayoijua imetoka kwenye shimo hilo la mwaka 2016, na mserereko wa miaka ya karibuni, uliokusudiwa kuwarudisha waliopunjwa kwenye daraja walilostahili, umewafikia wengine na kuwaacha wengine. Migogoro iliyobaki inatokana na kubadilishiwa kada baada ya kusoma, ambapo mtumishi huanza cheo cha kuingilia cha kada mpya huku akibaki na mshahara binafsi, yaani ule aliokuwa akiupata kabla, na pia uhamisho ambao jalada lilichelewa kufika kituo kipya.

Mfano huu unaonyesha kwamba maneno “nimeshushwa kwenye tange” yanaweza kuficha mambo manne yasiyofanana. Kwanza, huenda ni kosa la kumbukumbu tu, tarehe imeingizwa vibaya, na barua unayo. Hilo bado si mgogoro. Ni ombi la marekebisho. Pili, huenda mwajiri amekataa kwa makusudi kuitambua barua ya 2016, na hapo kuna uamuzi wa kiutawala. Tatu, huenda umeshushwa cheo kama adhabu ya kinidhamu, na tange imefuata adhabu. Basi unachopaswa kupinga ni adhabu, kwa njia ya rufaa ya nidhamu, na tange itajirekebisha adhabu ikifutwa. Nne, huenda mwajiri wako hana kosa lolote, ametekeleza waraka au Muundo wa Maendeleo ya Utumishi kama ulivyoandikwa, na tatizo ni waraka wenyewe. Kila moja kati ya haya manne lina mlango wake, na anayeyachanganya katika barua moja hujikuta hana mlango hata mmoja.

Kuna jambo jingine la kuliweka sawa mapema, hata kama linauma. Tangu Sera ya Menejimenti na Ajira katika Utumishi wa Umma ya mwaka 1999, kupanda cheo kumejengwa juu ya sifa na utendaji. Kukaa muda mrefu kazini peke yake hakukupi cheo. Ukienda mahakamani ukiomba jaji akupandishe cheo kwa sababu wewe ni mkongwe, umeomba kitu ambacho jaji hana. Ukiomba mahakama itamke kwamba tarehe yako ilifutwa bila kusikilizwa, au kwamba mwenye mamlaka alizingatia jambo asilopaswa kulizingatia, hapo unazungumza lugha ambayo mahakama inaielewa.

Hatua ya pili: jua wewe ni mtumishi wa mamlaka ipi

Mkoa wa Mwanza una halmashauri nane: Jiji la Mwanza, Manispaa ya Ilemela, na halmashauri za wilaya za Magu, Misungwi, Kwimba, Sengerema, Buchosa na Ukerewe. Watumishi wengi wa halmashauri hizi wako chini ya Sheria ya Utumishi wa Umma, Sura ya 298, na mwajiri wao wa karibu ni mkurugenzi. Lakini si wote wanaokula meza moja wana mamlaka moja ya vyeo.

Mwalimu wa shule ya msingi au sekondari ya serikali hulipwa kupitia halmashauri, na kwa sababu hiyo wengi huandika malalamiko ya cheo kwa mkurugenzi na kungoja. Mamlaka ya kumthibitisha na kumpandisha cheo mwalimu iko kwa Tume ya Utumishi wa Walimu, iliyoundwa kwa sheria ya mwaka 2015 na yenye ofisi wilayani. Mwalimu anayemshtaki mkurugenzi kwa tarehe ya cheo iliyotolewa na Tume amemkamata asiyehusika.

Watumishi wa Mahakama wana tume yao, chini ya Sheria ya Uendeshaji wa Mahakama ya mwaka 2011. Wafanyakazi wa wakala na mashirika ya umma, na mjini Mwanza wako wengi, kuanzia maji hadi meli, wanatawaliwa pia na sheria zilizoanzisha taasisi zao na kanuni zao za utumishi. Lakini wasidhani kwamba hilo linawatoa kwenye Sheria ya Utumishi wa Umma, kwa sababu nitakayoieleza hatua inayofuata. Askari wa Jeshi la Wananchi, Polisi, Magereza na Jeshi la Kujenga Taifa wametolewa kabisa kwenye Sheria ya Ajira na Mahusiano Kazini ya mwaka 2004, kwa hiyo njia ya Tume ya Usuluhishi na Uamuzi, chombo cha migogoro ya kazi, haiwahusu.

Msomaji wa Kisumu au Homa Bay, ambaye ziwa ni lile lile lakini sheria ni nyingine, ana Mahakama ya Ajira na Mahusiano ya Kazi iliyotokana na Katiba ya Kenya ya mwaka 2010, na njia inayoelezwa hapa si yake.

Hatua ya tatu: maliza njia za ndani, na uache alama kila unapopita

Hapa ndipo mashauri mengi yanapovunjika, kwa hiyo nitakaa kidogo.

Mwaka 2016 Bunge liliongeza katika Sheria ya Utumishi wa Umma kifungu kilichopewa namba 32A, kinachomtaka mtumishi wa umma amalize nafuu zote zilizomo katika sheria hiyo kabla ya kutafuta nafuu zilizomo katika sheria za kazi. Toleo jipya la sheria zilizorekebishwa lilianza kutumika tarehe 1 Julai 2025, kwa hiyo kabla ya kunukuu namba ya kifungu chochote kwenye hati yako, kihakiki kwenye toleo hilo. Hati yenye namba ya zamani humpa mpinzani kitu cha kusemea bila sababu.

Kwa muda fulani watu walibishana kama kifungu hicho kinawahusu wafanyakazi wa mashirika ya umma. Mwaka 2022 Mahakama ya Rufani, katika rufaa iliyolihusu Shirika la Posta Tanzania, ilisema kwamba mfanyakazi wa shirika la umma ni mtumishi wa umma, na kwamba Tume ya Usuluhishi na Uamuzi haikuwa na mamlaka ya kusikiliza mgogoro wake kabla ya njia za ndani kumalizika. Shauri lile lilikuwa la kuachishwa kazi, si la tange, lakini sababu zake zinagusa mgogoro wa ukuu moja kwa moja. Hukumu hiyo na nyingine zinasomwa bure kwenye tovuti ya TanzLII, nami namsihi kila mtumishi aisome mwenyewe kabla ya kumlipa mtu ada.

Njia za ndani zikoje kwa vitendo? Andika kwanza kwa mwajiri wako, ukieleza tarehe inayobishaniwa, barua unayoitegemea, na marekebisho unayoyaomba. Sentensi ya ombi iwe moja na isiyoyumba, kwa mfano: “Naomba tarehe yangu ya kupandishwa cheo isomeke 1 Aprili 2016 kwa mujibu wa barua iliyoambatishwa, na nafasi yangu kwenye tange irekebishwe ipasavyo.” Usiandike kwamba unaomba “haki zako zote”. Peleka nakala mbili, moja ibaki kwao na nyingine igongwe muhuri wa masjala mbele yako, wenye tarehe. Nimeona shauri likitegemea muhuri mmoja uliofifia, wino wa bluu uliopigwa ukingoni mwa karatasi, tarehe ikasomeka nusu. Ule muhuri ndio ulioamua kama mtu amewahi au amechelewa.

Mwajiri akikataa, au jibu lake lisiporidhisha, kinachofuata kwa mtumishi wa kawaida wa serikali na halmashauri ni Tume ya Utumishi wa Umma, ambayo hupokea rufaa na malalamiko dhidi ya maamuzi ya waajiri na mamlaka za nidhamu. Rufaa hutakiwa kuwasilishwa ndani ya siku 45 tangu kupokea uamuzi, na nakala hupewa mamlaka iliyotoa uamuzi huo ili nayo ipeleke vielelezo vyake. Aliyechelewa aeleze sababu za kuchelewa ndani ya rufaa ile ile, asingoje kuulizwa. Juu ya Tume yuko Rais, na uamuzi wake ndio wa mwisho ndani ya mfumo wa utumishi. Mwalimu hupitia kamati ya wilaya na Tume yake.

Wapo watakaokwambia kwamba kifungu kile kinahusu nidhamu pekee na kwamba suala la tange unaweza kulipeleka moja kwa moja nje. Maneno ya kifungu hayakuweka mpaka huo. Yanasema nafuu zote. Ushauri wangu ni kwamba pitia njia ya ndani hata kama unaamini haikuhusu. Aliyepitia hawezi kulaumiwa kwa kupitia, ilhali aliyeruka atalazimika kujitetea kwa nini aliruka.

Na wakinyamaza? Ukimya ni tatizo la kweli, na ninawaonea huruma wanaongoja. Kumbushia kwa barua, mara mbili, ukitaja tarehe ya barua ya kwanza. Ukimya uliothibitishwa kwa mihuri mitatu una thamani mahakamani, kwa sababu Mahakama Kuu ina uwezo wa kumwamuru mwenye mamlaka atimize wajibu wake wa kuamua. Haitamwambia aamue nini. Itamwambia aamue.

Hatua ya nne: chagua mlango

Baada ya njia za ndani kumalizika, milango iliyobaki ni mitatu, na mmoja kati yake hufunguliwa kwa nadra sana.

Mlango wa kwanza ni Tume ya Usuluhishi na Uamuzi, ambayo watu wote huiita CMA, na juu yake Mahakama Kuu Divisheni ya Kazi. Mlango huu unafaa pale ambapo kiini cha malalamiko yako ni haki iliyomo ndani ya sheria za kazi zenyewe. Mfano ulio wazi kabisa ni ubaguzi. Kifungu cha 7 cha Sheria ya Ajira na Mahusiano Kazini kinakataza ubaguzi katika sera na taratibu za ajira, na kimetaja kupandishwa cheo kwa jina. Muuguzi aliyeachwa nyuma ya wenzake wa mwaka mmoja kwa sababu kipindi chake cha ujauzito na uzazi kilihesabiwa kama pengo la utendaji ana hoja ya sheria ya kazi, hata kama imevaa nguo ya tange. Mashauri ya kazi huanza kwa usuluhishi kwenye CMA, na mwanachama anaweza kuwakilishwa na chama chake cha wafanyakazi, iwe TALGWU, TUGHE, CWT au kingine.

Mlango wa pili ni mapitio ya mahakama mbele ya Mahakama Kuu, chini ya Sura ya 310 ya Sheria za Tanzania na kanuni zake za mwaka 2014. Huu ndio mlango wa migogoro mingi ya ukuu, na ndio unaosahaulika zaidi. Unafaa pale unapopinga jinsi mamlaka ya umma ilivyotumia madaraka yake: ilivuka mipaka, haikukusikiliza, ilipuuza kanuni, au imekataa kuamua. Mahakama hapa haipimi nani ni mkubwa kwa nani; inapima kama njia iliyotumika kufikia uamuzi ilikuwa halali. Inaweza kutengua uamuzi, kuzuia usitekelezwe, au kumlazimisha mwenye mamlaka kutimiza wajibu. Pale ambapo uamuzi wa mwisho umetolewa na Tume ya Utumishi wa Umma au na Rais, mimi siuoni mlango mwingine wenye mantiki, kwa kuwa mwamuzi wa CMA hana uwezo wa kutengua uamuzi wa mamlaka hizo.

Mlango wa tatu ni shauri la kikatiba, pale ambapo sheria au waraka wenyewe unakiuka haki za msingi. Watu huvutiwa nao kwa sababu unasikika mkubwa. Lakini Mahakama Kuu haitautumia iwapo kuna nafuu nyingine ya kutosha. Tarehe moja kwenye tange moja haitoshi.

Kesi ya kawaida ya madai katika Mahakama ya Wilaya au ya Hakimu Mkazi si mlango hata kidogo. Sheria ya Mashauri ya Serikali, baada ya kurekebishwa mwaka 2020, inataka kesi dhidi ya serikali, zikiwemo halmashauri na mashirika yake, zifunguliwe Mahakama Kuu, zitanguliwe na notisi ya siku 90, na Mwanasheria Mkuu wa Serikali aunganishwe. Kutomuunganisha kunaharibu shauri zima.

Ukiwa bado unasita kati ya mlango wa kwanza na wa pili, andika kwenye karatasi nafuu unayoitaka, kisha uliza nani ana uwezo wa kuitoa. Ukitaka fidia kwa kubaguliwa, njia ni ya kazi. Ukitaka uamuzi ufutwe na urudishwe ukaamuliwe upya, njia ni ya mapitio. Ukitaka vyote viwili, tafuta wakili kabla hujafungua chochote, maana kufungua kote kwa wakati mmoja ni kujitafutia pingamizi la pili.

Hatua ya tano: jopo

Neno jopo, yaani majaji wanaoketi kusikiliza shauri, huwatisha watu, lakini kwa mgogoro wa tange hesabu yake si ngumu. Divisheni ya Kazi husikiliza kwa jaji mmoja. Maombi ya mapitio, kuanzia kibali cha kuyafungua hadi maombi yenyewe, husikilizwa na jaji mmoja. Shauri la kikatiba chini ya sheria ya utekelezaji wa haki za msingi husikilizwa na majaji 3, ingawa jaji mmoja anaweza kuamua mwanzoni kama shauri ni la upuuzi au la usumbufu na kulikataa. Mahakama ya Rufani huketi kwa jopo la majaji 3, na huongeza idadi pale inapoombwa kuachana na msimamo wake wa zamani.

Mdaawa hachagui jaji. Jaji Mfawidhi ndiye anayepanga majalada, na ukiwa na sababu ya kweli ya kumtaka jaji ajitoe, iseme mahakamani kwa adabu na ushahidi, wala usiandike barua za pembeni. Unachokichagua wewe ni kichwa cha hati, nacho kina uzito kuliko watu wanavyodhani. “Katika Mahakama Kuu ya Tanzania, Divisheni ya Kazi, Masjala Ndogo ya Mwanza” na “Katika Mahakama Kuu ya Tanzania, Masjala Ndogo ya Mwanza” ni vichwa viwili vya mamlaka mbili, hata kama siku ya shauri unaweza kumkuta jaji yule yule. Kanuni zinazoongoza upande mmoja si za upande wa pili. Hakikisha pia kwamba masjala ndogo ni ya eneo lenu. Musoma, Bukoba na Shinyanga zina masjala zake.

Hatua ya sita: hesabu siku kabla hujahesabu hoja

Kwenye CMA, mgogoro wa kuachishwa kazi una siku 30, na migogoro mingine, ambamo tange imo, ina siku 60 tangu ilipozuka. Tuzo ya CMA hupingwa Divisheni ya Kazi kwa maombi ya marejeo ndani ya wiki 6. Kwa mapitio, kibali kiombwe ndani ya miezi 6 tangu uamuzi ulipotolewa, na kibali kikitolewa, maombi yenyewe yafunguliwe ndani ya siku 14. Hizi siku 14 zimewanyoa wengi, kwa sababu mtu akishapata kibali hufurahi kama aliyeshinda, akarudi Ukerewe kupumzika. Taarifa ya kukata rufaa Mahakama ya Rufani ni siku 30, na kwa mashauri ya kazi rufaa hiyo huhusu hoja za kisheria tu.

Aliyetumia muda kwa nia njema kwenye chombo kisicho na mamlaka anaweza kuiomba mahakama izingatie muda huo, na Sheria ya Ukomo inalitambua jambo hilo. Lakini atatakiwa kueleza kila siku ya kuchelewa, na msimamo huo Mahakama ya Rufani imeurudia mara nyingi bila kulegeza. Usiutegemee kama akiba.

Hatua ya saba: waunganishe wanaoguswa

Tange ni kama ngazi ya mbao: ukimpandisha mmoja, mwingine lazima ashuke. Yule mwenzako wa mwaka 2018, aliyeko juu yako leo, hajakukosea. Alipewa barua akaipokea. Ukiomba tange ifutwe bila yeye kupewa nafasi ya kusema, unamfanyia lile lile ulilofanyiwa, na Ibara ya 13(6)(a) ya Katiba inayokulinda wewe inamlinda na yeye. Kwa hiyo wataje kwa majina wote ambao nafasi zao zitabadilika na waunganishwe kama wadaawa, au walau wapewe hati. Kama orodha ni ndefu, punguza ombi lako: omba tarehe yako itambuliwe, na si lazima kuomba kada nzima ipangwe upya.

Mwambie mwenyewe kabla hati haijamfika. Mtafute baada ya kazi, umsalimu, umwambie: “Ndugu yangu, kuna karatasi itakuja yenye jina lako. Sikushtaki wewe, nadai tarehe yangu ya mwaka 2016.” Mtabaki mnafanya kazi mwalo mmoja, mnapima samaki kwenye mizani moja, kwa miaka mingi baada ya jaji kuondoka.

Kwenye maombi ya mapitio, mahakama itaamuru Mwanasheria Mkuu wa Serikali aitwe. Andaa nakala yake mapema. Hati huingizwa kwa mfumo wa kielektroniki wa mahakama, kwa hiyo skani kila barua pande zote mbili, ili muhuri wa masjala ulioko nyuma ya karatasi usiachwe. Tangu mwaka 2021 Kiswahili ndiyo lugha ya mahakama kisheria, na kiapo chako unaweza kukiandika kwa Kiswahili. Kiandike kwa mpangilio wa tarehe, tarehe moja kwa aya moja, na mwisho wa kila aya taja kielelezo kinachoithibitisha: barua ya ajira, barua ya kuthibitishwa, barua ya 2016, tange inayobishaniwa, barua yako yenye muhuri, jibu la mwajiri, uamuzi wa Tume. Aya isiyo na kielelezo iondoe, au kakitafute kielelezo chake masjala kabla ya kuapa.